Mwaka Niliofundisha Mashine Kusalimia

Ujumbe wa sauti uliingia nikiwa nasahihisha kazi za wanafunzi, hapa Bukavu. Alikuwa Zawadi, binti wa Mama Wabiwa, akiwa Baraka, mji wa kando ya ziwa. "Mama Mado, jambo. Habari ya Bukavu? Habari ya kazi? Siye tuko muzuri, Mungu anasaidia. Mvua imeanza, batoto banasoma. Tuko muzuri kabisa. Sasa, nilisema nikujulishe, mama alitutoka jana asubui. Tutamuzika kesho." Niliusikiliza mara mbili, kisha nikarudi kwenye karatasi iliyokuwa mbele yangu, nikaimaliza, nikampa mwanafunzi yule alama aliyostahili. Naandika hivyo kwa sababu watu wengi hudhani msiba ukibisha hodi moyo hufungua mlango mara moja. Wangu haufungui. Huwa unabaki umekaa. Ulianza tabia hiyo katika mwaka nitakaousimulia hapa, na mwaka huohuo ndio ulionipa kazi ninayoifanya hadi leo. Mwalimu wangu alikuwa Mama Wabiwa, ambaye sidhani kama aliwahi kugusa kompyuta.

Wanafunzi wapya hunijia wakidhani nafundisha kutengeneza programu. Nawaambia hapana, wenzangu wa chumba cha pili ndio wanaofundisha hilo, nao ni hodari. Sisi tunachunguza namna mtu na mashine wanavyoelewana, au wanavyoshindwa kuelewana. Unakaa kando ya mtu anayetumia simu au kompyuta, humfundishi, humsahihishi, unatazama tu mahali kidole chake kinaposita. Kidole kikisita, usiharakishe kukilaumu. Wanaiandika sentensi hiyo madaftarini, nami nafurahi wakiiandika, maana wengi wao watakuwa bora kuliko nilivyokuwa mimi. Sijawahi kuwaeleza kwamba kuna vidole visivyosita hata kidogo, na kwamba hivyo ndivyo vinavyonitisha zaidi.

Nilikuwa na miaka ishirini na sita, na shahada mpya ya enformatiki, yaani elimu ya kompyuta. Mradi mmoja wa afya uliniajiri kwenda Baraka kutengeneza mashine ya kupigia simu akina mama waliojifungua, kuanzia vijiji vya Swima hadi ng'ambo, Ubwari, ambako watu hufika zaidi kwa boti kuliko kwa miguu. Wazo lenyewe lilikuwa rahisi na zuri, na bado naliona zuri. Kila baada ya siku mbili mashine ingempigia mama, imuulize hali ya mtoto, naye ajibu kwa kufinya namba kwenye simu yake. Akifinya namba ya hatari, simu ya kituo cha afya ingelia, na muuguzi angetuma pikipiki au boti. Hakuhitaji kujua kusoma. Hakuhitaji kuwa na salio. Alihitaji kidole kimoja tu.

Walinipangia chumba nyumbani kwa Mama Wabiwa, muuguzi mkunga wa kituo, kwa sababu nyumba yake ilikuwa imeshikana na jengo la kituo. Kilikuwa na kitanda cha mbao, meza iliyoyumba, kalenda ya parokia ya mwaka uliopita, na ukuta wa matofali ambao haukufika kwenye mabati. Upande wa pili wa ukuta ndiko akina mama wajawazito walikongojea zamu ya kupimwa, kwa hiyo kila asubuhi niliamshwa na mazungumzo yao kabla ya kuamshwa na jogoo wa mtu yeyote. "Weye, tumbo yako inakutanguliaka kama chef mukubwa wa kijiji!" "Acha tu. Hii inafuata baba yake, naye anatembeaka bila kuangalia fasi anakanyaga." Kicheko. Kisha sauti ya taratibu, ya mkimbizi kutoka Burundi, ikiuliza kama benchi lina nafasi, na wenyeji wakisogea huku wakimwambia asiogope, hapa hakuna mwenye tumbo dogo. Nililala pale nikiwasikiliza na kuamini kwamba nawajua. Ukimsikia mtu kila siku kupitia ukutani, unaweza kabisa kudhani unamjua.

Injinia wa mradi aliitwa Pascal. Aliishi Bukavu, akaja Baraka mara mbili tu mwaka ule. Alikuwa ameandika swali moja: kama mtoto ni mzima finya moja, kama ni mgonjwa finya mbili. Nilimwambia kwa simu kwamba hayo ni maneno ya askari kwenye kizuizi cha barabara. Nani huingia nyumbani kwa mtu bila kusalimia? Mama aliyejifungua juzi, simu inalia, anaipokea, na sauti inamrukia na swali la ugonjwa, si ataona kama anatabiriwa mabaya? Pascal, ambaye kama sisi sote husema "njo" kwa "ndiye", alicheka akasema, "Sawa Mado, weye njo mwenyewe wa huko, panga vile unaona." Nikapanga. Nilitundika godoro dirishani kuzuia kelele za kuku, nikarekodi kwa sauti yangu mwenyewe, kwa Kiswahili cha kwetu: "Jambo mama. Habari ya mutoto? Kama ni muzuri, finya moja. Kama si muzuri, finya mbili." Mwishoni, kwa aliyefinya moja, niliweka, "Aksanti mama. Mungu akubariki."

Jioni ile tulikula bugali na ndakala, dagaa wa ziwani, waliopikwa kwa nyanya, na sombe ya majani ya muhogo yenye mafuta mengi ya mawese, maana Mama Wabiwa aliamini sombe isiyong'aa ni majani tu. Nilimwekea sauti yangu mezani aisikie. Alisikiliza hadi mwisho, mkono wa kulia umesimama juu ya sahani.

"Iko na adabu," alisema. "Kisha?"

"Kisha nini, mama?"

"Akishasema muzuri, kisha mashini inamuuliza nini?"

"Akifinya mbili, simu inalia kwako."

"Niliuliza ile ya moja."

"Ile ya moja inaaga, mama. Mutoto si mugonjwa."

Alinitazama kidogo, akasema, "Haya," akarudi kwenye samaki wake. Nimewahi kukaa kwenye mikutano ya maprofesa, watu wakibishana siku nzima juu ya kasoro ya chombo fulani, nikawa nawaza kwamba mwanamke mmoja wa Baraka aliiona yangu kwa muda wa tonge moja. Aliniachia nafasi niulize. Sikuuliza. Vijana wangu, mtu wa kazi akikuambia "haya" kwa namna ile, weka kijiko chini.

Mashine ilipendwa. Sokoni nilisimama kwa muuza chumvi nikawasikia wawili wakisifu. "Yule dada wa mu simu alinipigia jana." "Kwangu vilevile! Hata bwana yangu hanisalimiaka hivi." "Basi umuolee huyo dada!" Sikujitambulisha. Nilirudi nyumbani nikiwa mwepesi. Na majibu yalikuja mazuri: moja, moja, moja, pwani nzima. Mbili zilikuwa chache sana, na ofisi ya Bukavu ilifurahi, ikaona afya ya watoto imeimarika. Mimi pia niliona hivyo. Yeyote angeona hivyo kwa kutazama namba.

Riziki nilimjua kwa sababu alijifungulia kwetu. Alikuwa wa Ubwari, mke wa mvuvi aitwaye Wilondja. Uchungu ulimshika akiwa amekuja Baraka kuuza samaki, akalazwa siku mbili, na mimi mwenyewe nilikaa kando ya kitanda chake kumfundisha ile simu. Alikuwa mwepesi wa kuelewa. Nilimuuliza, "Ukiona mutoto si muzuri?" akasema, "Mbili," hata kabla sijamaliza. Nikamuuliza tena kwa kumtega, akaniambia, "Dada Mado, mi nahesabuka samaki tangu niko mudogo, moja na mbili hazinishinde." Tukacheka wote, na mtoto akashtuka, akaanza kulia. Alikuwa msichana. Alikuwa na nywele nyingi.

Siku ya tisa tangu Riziki ajifungue, Mama Wabiwa aliingia chumbani kwangu mikono ikiwa bado na maji. "Mutoto wa Riziki amekufa," alisema. "Homa. Siku tatu hakunyonya." Nilifungua kompyuta kutazama. Mashine ilimpigia mara tatu tangu arudi kwake, na mara zote tatu alipokea. Moja. Moja. Moja. Ile ya mwisho ilikuwa asubuhi ya siku moja kabla ya kifo. Kidole hakikusita: alifinya kabla sauti yangu haijamaliza kutaja mbili. Nilimpigia Pascal. Alisema pole, na najua alimaanisha. Kisha akasema, "Basi ni kosa la mutumiaji. Uandike hivyo, leo wanangojea ripoti." Niliandika hivyo. Mama alielekezwa ipasavyo, alifinya namba isiyo sahihi. Nilitia sahihi, nikaituma, na mchana nikala wali na maharage, sahani nzima. Nakumbuka maharage yalikuwa na chumvi nyingi. Hicho ndicho nilichohisi siku ile, na nimejitahidi miaka yote kukumbuka kingine, sikipati.

Baada ya wiki moja hivi, msimamizi mmoja wa mradi alipita Ubwari katika ziara yake ya kawaida. Alimkuta Riziki, akampa pole, halafu akamwelekeza, kwa nia njema kabisa, kwamba mtoto mwingine akija afinye vizuri. Habari ikamfikia Mama Wabiwa kupitia wauza samaki. Hakunipandishia sauti. Alisimama mlangoni kwangu akasema, "Wamemuambia yeye njo alifinya mubaya. Kesho tunapanda boti, weye na mi."

Tuliondoka jua likiwa limepanda. Tulikaa juu ya magunia ya muhogo. Katikati ya safari Mama Wabiwa aliinama sikioni mwangu. "Mado, mi niko mu hii kazi tangu haujazaliwa. Naingia mu nyumba, nauliza habari, wananiambia muzuri. Kila fasi muzuri. Hata fasi maiti iko mu chumba, wanaanza na muzuri. Unafikiri ni bongo, wananidanganya? Si bongo. Ni kukupokea. Mutu hawezi kukutupia mubaya yake ungali unasimama mu mulango. Sasa mi nafanya nini? Naikala kwa kiti. Naomba maji. Nasema juu ya mvua. Kisha wanasema: lakini huyu mutoto... Pale kwa 'lakini' njo kazi yangu inaanziaka." Alinyoosha kanga yake magotini. "Mashini yako ilisalimia muzuri sana. Lakini haikuikala." Nilitazama maji. Nilielewa kila neno, kama mtu anavyoelewa hesabu ubaoni, na sikuweza kulia. Alinishika mkono hadi tulipofika.

Riziki alikuwa uani akimenya muhogo. Alitupa viti, akatupa maji, akamuuliza Mama Wabiwa habari za Baraka, na Wilondja akaja akaketi kwenye kizingiti na wavu wake. Tulitoa pole. Walipokea. Mama Wabiwa akazungumza juu ya mvua, juu ya bei ya ndakala, juu ya mwanawe Zawadi aliyekataa kula dagaa wenye vichwa. Wilondja alicheka kidogo. Kisha, bila kuinua macho kutoka kwenye kisu chake, Riziki akasema:

"Dada Mado, ni kweli nilifinya mubaya?"

Nilikuwa nimeandaa maelezo. Nilitoa simu mfukoni ili kumwonyesha mahali ambapo mimi ndiye niliyekosea. Sikukusudia jambo jingine, na hilo naliapia hata leo. Niliiwasha ile sauti, nikamwekea simu mkononi. *Jambo mama. Habari ya mutoto?*

"Muzuri," alisema Riziki, na kidole gumba chake kikafinya moja.

Wilondja akaita, "Riziki." Mke wake alikitazama kidole chake kana kwamba kilikuwa cha mtu mwingine, kisha akaweka simu chini juu ya maganda ya muhogo, polepole, ikiwa bado inambariki. Hakuna aliyelia. Nilitamani Mama Wabiwa aseme kitu kutuokoa, naye akabaki amekaa, mikono mapajani, kama mtu asiye na safari ya kurudi. Nikakaa pia. Kuku alipita, akadonoa maganda, akaondoka.

"Nilikuwa nataka kusema," Riziki alianza. "Ile mara ya tatu. Nilisema muzuri, nikangojea iulize tena. Kama vile mutu. Ikanibariki, ikakata. Sasa mutu akishaaga, utamukimbilia mu njia?"

"Ulikuwa unaweza kuwapigia," Wilondja alisema, lakini kwa sauti ndogo, na si kwa kulaumu.

"Na salio gani?" Riziki alimjibu. Kisha akanigeukia mimi. "Mungeniuliza maziwa. Mutoto akikataa kunyonya, maziwa inajaa, kifua inauma mupaka mukono haupande. Mungesema: mama, kifua inauma? Ningesema inauma. Juu ya ile hakuna mutu anajibuka muzuri."

Nieleze hapa yaliyotokea baadaye, kwa sababu wanafunzi wanapenda kujua mambo yaliishaje. Niliandika ripoti ya pili ya kufuta ile ya kwanza. Mkataba wangu haukuongezwa, na Pascal, ambaye sikuwahi kumchukia, aliacha kupokea simu zangu kwa muda mrefu. Mashine ilibadilishwa: ilisalimia, ikangoja jibu bila kulihesabu popote, ikauliza habari za nyumbani, ikangoja tena, kisha ikauliza juu ya kifua na kunyonya. Mbili zikaanza kuingia. Simu ya Mama Wabiwa ililia wakati tukila, wakati wa misa, wakati akioga, naye alitoka kila mara. Mtu fulani aliisoma ripoti ile, akaniuliza kama ningependa kusoma zaidi juu ya mambo ya namna hiyo. Nilikubali, na ndivyo nilivyofika kwenye chumba hiki chenye karatasi za kusahihisha. Mnaona, kazi nzuri inaweza kuota mahali popote. Nawaambia hivyo kuwatia moyo, na ni kweli. Lakini swali lile la kifua, ambalo limetajwa kwenye maandiko mengi kama ubunifu wangu, si langu. Ni la Riziki wa Ubwari, na alilisema akiwa na kisu cha muhogo mkononi.

Siku ile uani, nilitoa daftari nikaliandika swali lake. Alinitazama nikiandika.

"Na kosa?" aliuliza. "Mu makaratasi yenu, munaandika kosa ni ya nani?"

Nilimwambia ukweli, kwamba tulishaandika ni yake, na kwamba sahihi iliyo chini ni yangu. Wilondja aliacha wavu. Riziki alitikisa kichwa mara moja tu, kama mtu aliyeambiwa bei.

"Andika ingine," alisema. "Andika sasa, nione."

Nikaandika. Ulikuwa mkono uleule uliotia sahihi ya kwanza, na sikuhisi tofauti kati ya mara ile na hii, isipokuwa kwamba safari hii kulikuwa na mtu mbele yangu. Nilichana karatasi nikampa. Hakuishika. Alimwonyesha mume wake kwa kidevu. Wilondja, aliyefika darasa la sita, alipangusa mikono kwenye suruali, akaichukua, akasogea kwenye mwanga. Alisoma akifuata kwa kidole, neno kwa neno, kwa sauti ya mtoto wa shule: "Mama... alijibu... vizuri. Mashine... iliuliza... vibaya. Nili... niliitunga... mimi, Mado."

Riziki alikuwa amefumba macho.

"Soma tena," alisema.

Wilondja akasoma tena.